Kila asubuhi naaga kwenda kazini, na kazi sina

SWALI: Ndugu mshauri, nina miaka 41, mke na watoto watatu. Miezi miwili iliyopita kampuni niliyoitumikia miaka tisa ilipunguza wafanyakazi, nami nikawa mmoja wao. Mke wangu hajui. Kila asubuhi navaa shati lililopigwa pasi, napokea chakula anachonifungia, kisha nakaa kivukoni Kamanga hadi jioni. Mishahara miwili niliyopeleka nyumbani ni mikopo ya kausha damu, ile ya riba kubwa mno. Usingizi umenipotea. Baba alitulea kwa neno moja, kwamba mwanamume hujikaza. Nifanye nini? (Baba Watatu, Mwanza)

JIBU: Ndugu yangu, nimeisoma barua yako mara tatu, na kila mara nimekwama kwenye hicho chakula. Mkeo huamka alfajiri kumpikia mtu anayekwenda kazini, huku akipanga ada na kodi ya nyumba kwa mshahara ambao haupo, na deni linakua bila yeye kupata nafasi ya kubana matumizi.

Neno la baba yako nimelisikia tangu utoto. Kwetu pwani husemwa jandoni, ambako kijana hujikaza kwa siku chache, wenzake wakiwa ubavuni na mlezi akimwangalia usiku na mchana. Wewe umejikaza miezi miwili peke yako, na hilo hata wazee wetu hawakulitaka.

Usingizi uliopotea mweleze daktari. Sonona, yaani ugonjwa wa huzuni nzito ya muda mrefu, kwa wanaume mara nyingi huonekana kama hasira, ulevi au ukimya, na Shirika la Afya Duniani linaeleza kwamba kiwango cha wanaume kujiua ni zaidi ya mara mbili ya kile cha wanawake. Likikujia wazo la kufa, nenda hospitali saa hiyo hiyo, hata kama ni usiku wa manane.

Leo, watoto wakishalala, mwambie mkeo. Anza na deni kabla ya kazi, kwa sababu deni ndilo litakalobisha hodi. Kisha, kama ulichangia NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii, kwa miezi 18 au zaidi, ulizia fao la kukosa ajira, ambalo ni asilimia 33.3 ya mshahara kwa miezi sita. Chukua barua ya kuachishwa kazi, na mkeo akiridhia mwende pamoja, maana fedha hizo yeye ndiye atakayejua zianzie wapi.