Chagua bingwa mmoja wa chesi, ukae naye mwaka mzima

Vijana wengi wanaokuja klabuni kwetu Jumamosi wanawajua mabingwa kwa video za dakika mbili. Leo ni Magnus Carlsen, kesho ni Gukesh aliyetwaa ubingwa wa dunia Singapore mwaka 2024 akiwa na miaka 18, keshokutwa ni Mikhail Tal akitoa malkia kafara. Muulize kijana huyo ni pambano gani alilolifuata mwenyewe tangu hatua ya kwanza mpaka mtu kusalimu amri, utamwona anakuna kichwa. Halafu analalamika kwamba hapandi kiwango.

Ushauri ninaowapa ni uleule kila mara, na wapo waliouchoka: chagua mchezaji mmoja, usome michezo yake kwa mpangilio wa miaka. Achukuliwe aliyekwisha kustaafu au kufariki, kwa sababu safari yake imekamilika. Unamwona akichipukia, akitamba, akipigwa, na michezo yake imekwisha kuchambuliwa na watu wanaojua.

Wa kuanzia, kwangu mimi, ni José Raúl Capablanca wa Cuba. Alizaliwa Havana mwaka 1888, akamvua Emanuel Lasker ubingwa wa dunia mwaka 1921, akapokonywa na Alekhine mwaka 1927. Kati ya 1916 na 1924 hakupoteza pambano rasmi hata moja. Ila simpendekezi kwa rekodi hiyo. Nampendekeza kwa sababu hatua zake zinaeleweka. Mtu wa kawaida akizitazama anaweza kusema, "Aa, hii hata mimi ningeiona," na nusu ya mara atakuwa anajidanganya, lakini atakuwa ameshika kitu.

Chukua mashindano ya New York ya 1924. Katika raundi ya tano Richard Réti alimfunga, na ile miaka minane bila kushindwa ikakatika hapo. Raundi iliyofuata alikutana na Tartakower. Wamefika mwisho wa mchezo, kila mmoja amebaki na ngome moja na askari kadhaa. Ngome ya Capablanca imejikita mstari wa saba, pembeni, inambana mfalme wa mpinzani. Ngome ya Tartakower inawinda askari wa Capablanca. Wengi wetu tungerudi nyuma kuwalinda. Capablanca anamwinua mfalme wake na kuanza safari ya kupanda juu. Tartakower anakula askari wa kwanza huku akimtishia mfalme. Mfalme anasogea mbele. Anakula wa pili, anatishia tena. Mfalme anasogea mbele. Hatimaye mfalme anatua mraba wa f6 (herufi ni safu, namba ni mstari), nyuma ya askari wa Tartakower mwenyewe aliyeko f5. Capablanca hamli askari huyo, anamfanya ngao ya kuzuia vitisho vya ngome. Kuanzia hapo askari wake wa g6, mfalme na ngome wanafanya kazi pamoja, na Tartakower, mwenye askari wawili zaidi, hana la kufanya.

Pambano hilo nalifundisha kwa karatasi. Unazifunika hatua za bingwa, unafunua ya mpinzani tu, kisha unakisia. Kabla ya kufunua unaandika daftarini kwa nini umechagua hatua yako, sentensi moja inatosha. Sentensi hiyo ndiyo yenye faida. Mtu akiandika "namlinda askari wangu" mara kumi mfululizo, mimi nimekwisha kumjua, na naye baada ya muda anajijua. Injini ya kwenye simu, yaani programu inayokokotoa hatua bora, iachwe mpaka umalize, maana ukiifungua mapema itakupa jibu kabla hujapata swali.

Wenye kazi na familia nawaelekeza kwa Mikhail Botvinnik. Alikuwa mhandisi wa umeme kwelikweli, si wa jina. Alipotwaa ubingwa wa dunia mwaka 1948, alikaa karibu miaka mitatu bila kushindana, akiandika tasnifu yake ya udaktari. Mwaka 1951 akarudi kutetea taji dhidi ya Bronstein, akaponea chupuchupu kwa sare ya 12 kwa 12. Yeye ndiye aliyeugeuza uchambuzi wa michezo yako mwenyewe kuwa sehemu ya mazoezi, uliyoshinda na uliyoshindwa. Hata moshi aliufanyia mazoezi: enzi zile watu walivuta sigara ukumbini, basi akamtaka mwenzake wa mazoezi ampulizie ili azoee.

Matunda yake yalionekana kwa Tal. Mwaka 1960 Tal, kijana wa Riga mwenye miaka 23, alimvua taji kwa 12½ kwa 8½, kwa mashambulizi yaliyowachanganya hata watazamaji. Mwaka uliofuata Botvinnik, akikaribia miaka 50, akalirudisha kwa 13 kwa 8. Alikuwa amemsoma. Ndiyo maana simruhusu anayeanza kuchukua Tal: ataiga kafara bila hesabu iliyo nyuma yake, na atapigwa na watoto.

Kwa mabinti, na hasa kwa baba zao wanaoniuliza kama kuna mashindano "ya wasichana tu," jibu langu ni Judit Polgár wa Budapest. Mwaka 1991 alipata ugranmasta, cheo cha juu kabisa cha mchezaji wa chesi, akiwa na miaka 15 na miezi minne, akaivunja rekodi ya Bobby Fischer iliyodumu tangu 1958. Ubingwa wa dunia wa wanawake hakuutafuta kabisa. Alikaa meza moja na wanaume, akafika nafasi ya nane duniani, na mwaka 2002 akamfunga Garry Kasparov mjini Moscow. Mwaka 2004 alipumzika akajifungua, mwaka 2005 akarudi na kufikia pointi 2735 za kupima kiwango cha mchezaji, kilele chake. Ukitaka pambano moja la kuanzia, tafuta alivyomshinda Shirov, Buenos Aires 1994, akicheza na kete nyeusi.

Limebaki swali la wazazi: chesi italipa? Kama mshahara, kwa wachache mno, na sipendi kumdanganya mzazi. Bassem Amin wa Misri, Mwafrika pekee aliyewahi kuvuka pointi 2700, ni daktari wa tiba. Phiona Mutesi wa Katwe, Kampala, hakuwa granmasta, lakini chesi ilimrudisha darasani na kumfikisha chuo kikuu Marekani. Kwa hiyo ada ya klabu lipa, ubao nunua, na daftari la hesabu la mtoto liendelee kukaguliwa kila jioni kama kawaida. Michezo yote niliyoitaja inapatikana bure mtandaoni. Andika tu majina ya wachezaji wawili na mwaka.