Hiyo karatasi usiitie sahihi leo

Wiki jana msichana mmoja wa Molo aliniandikia. Anaimba kantri, amepata prodyuza wa kumrekodia bure, ila kuna karatasi ya kutia sahihi. "Aunty, nikiuliza maswali si wataniona nina maringo?" Nimemjibu mara tatu na bado moyo haujatulia, kwa hivyo naandika hapa. Najua wengi wenu mna gitaa nyuma ya mlango na ndoto ile ile.

Mimi nilitia sahihi. Ilikuwa 2011. Wimbo ulikuwa wa mama, niliutunga kwenye basi tukitoka kumzika Ol Kalou. Nilipewa elfu nane na soda baridi, nikaona nimefika. Miaka mitatu baadaye niko kwenye matatu, nikausikia redioni ukitangaza unga. Sauti si yangu. Makanga akawa anaufuatisha kwa mluzi. Nilishuka steji mbili kabla ya kwangu.

Sasa mfikirie Dolly Parton, mwimbaji wa kantri wa Marekani, ambaye kaseti zake ndizo zilizonifundisha kuimba. Mtoto wa nne kati ya kumi na wawili, milimani Tennessee. Daktari aliyemzalisha mama yake alilipwa gunia la unga wa mahindi. (Unga tena. Unanifuata.) Mwaka 1974 alikuwa na miaka 28, anajitoa kwenye kipindi cha televisheni cha mwimbaji Porter Wagoner, na wimbo aliomtungia wa kumuaga, I Will Always Love You, umeshika namba moja ya kantri. Elvis Presley, mfalme wa rock and roll, akautaka. Meneja wa Elvis, Colonel Tom Parker, akadai nusu ya haki za utunzi. Elvis, jamani! Mimi ningempa nusu na mbuzi juu. Dolly alikataa, akalia usiku kucha. Mwaka 1992 Whitney Houston akauimba kwenye filamu ya The Bodyguard, ukakaa namba moja Marekani wiki 14, na malipo ya mtunzi yakaenda kwa yule aliyelia.

Hata alipoitwa kucheza filamu yake ya kwanza, 9 to 5 ya mwaka 1980, alikubali kwa sharti kwamba wimbo wa filamu autunge yeye. Mdundo aliupata akigonganisha kucha zake za bandia wakati wa kurekodi picha. Kucha! Na sisi tunaambiwa tushukuru kwa kupewa studio.

Basi sikieni, wasichana. Karatasi ipeleke nyumbani. Uliza nani atamiliki utunzi, maana kurekodi sauti ni jambo moja na wimbo wenyewe ni jambo lingine. Sajili kazi yako KECOBO, ile Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, kabla hujamwimbia mtu yeyote. Na usitie sahihi siku unayopewa. Nimeshasema, nitasema tena: siyo siku hiyo. Anayekuharakisha anajua kilichoandikwa pale chini.

Prodyuza wangu tulikutana harusini Desemba. Akanitambulisha kwa watu, "huyu ni msanii wetu." Nilicheka na wenzangu, nikala pilau, nikaimba nyimbo mbili nilipoombwa. Ule wa mama waliuitisha pia. Nikasema gitaa limekatika waya.

Wewe wa Molo, simu unaiacha inaita tangu Jumapili. Niambie tu, ile karatasi uliisoma mpaka mwisho?