Nani alionekana kwanza kwenye TV ya Ujerumani?

SWALI: Shikamoo mhariri, hivi kule Ujerumani kabla ya vita kuu ya pili nani alikuwa anaonekana kwenye TV? Mbona majina yao hayatajwi?

JIBU: Marahaba. Shika jina hili, Ursula Patzschke, ndo mtangazaji wa kwanza wa kike wa TV kule. Kituo cha TV alichotangazia, kilichoitwa Paul Nipkow, kule Berlin, kilianza Machi 1935, enzi za Hitler, na picha ilikuwa ya mistari 180 tu, yaani ukungu ukungu. Na kazi yenyewe ilikuwa ngumu jamani, mtu anaingia kwenye kichumba kidogo chenye giza totoro, halafu mwale mkali wa taa unampitia usoni mstari kwa mstari ndo picha inapatikana, na humo humo anatakiwa atabasamu na aongee vizuri kama hakuna shida. Seti za nyumbani zilikuwa adimu, kwa hiyo watu walienda kuangalia bure kwenye kumbi maalum za umma. Kwa kweli Ursula anastahili kutajwa zaidi. Baada ya vita alikuja Irene Koss, huyo ndo aliyetangaza kwenye TV ya NWDR, shirika la utangazaji la Hamburg, ilipoanza rasmi Desemba 25, 1952.