Barua kwa mwanangu aliyeambiwa ahamie mstari wa mbele

Upanga, Dar es Salaam

Mwanangu mpenzi,

Marahaba. Barua yako nimeisoma mara ya kwanza kwa haraka na mara ya pili kwa utulivu. Mama yako naye ameisoma, ingawa yeye aliishia pale ulipotaja shingo. Unasema kocha wa klabu yenu ya raga hapo Nairobi anataka uache nafasi ya flanka, unayoipenda kwa kuwa inakupa nafasi ya kukimbia na kuwania mpira, uvae jezi namba 1 na kuwa propu wa kushoto, yule msukumaji wa mstari wa mbele. Halafu ukauliza: "Baba, nikikubali, si nitakuwa nimekubali kusahauliwa?" Umeniuliza mimi kwa sababu unajua ninavyompenda Tendai Mtawarira, propu wa zamani wa Afrika Kusini, nami nitakujibu kwa habari zake, kwa sababu simjui mchezaji mwingine ambaye miaka yake uwanjani inalijibu swali lako vizuri kumshinda.

Mtawarira alizaliwa Harare mwaka 1985, akasoma Peterhouse, shule ya bweni iliyo karibu na Marondera, kisha akaenda Durban akiwa kijana mbichi kulelewa na klabu ya Sharks. Wakati huo hakuwa propu. Alikuwa akicheza safu ya nyuma ya skramu, ule msukumano wa wachezaji wanane kwa wanane, kama wewe, akikimbia na mpira mkononi, mpaka kocha Dick Muir alipoamua kwamba mahali pake ni mbele. Mwezi Juni 2008 akaichezea Afrika Kusini kwa mara ya kwanza, dhidi ya Wales, mjini Pretoria. Alipostaafu mwaka 2019 alikuwa amefikisha mechi 117 za kimataifa, na katika historia yote ya Springboks, timu hiyo ya taifa, waliokuwa wamemzidi ni wawili tu, Victor Matfield na Bryan Habana. Sasa tazama jambo hili: Habana, winga mwenye mbio za ajabu, alifunga trai 67 katika mechi 124 (trai ni kuuweka mpira chini katika eneo la mwisho la wapinzani), lakini Mtawarira katika mechi zake zote hizo alifunga mbili. Ukihesabu mchango wa mtu kwa pointi, basi alipoteza muda wake kwa miaka kumi na moja. Makocha waliompanga mechi baada ya mechi hawakuhesabu hivyo.

Kwa nini? Wewe umecheza mchezo huu, lakini flanka hujiunga na skramu akiwa ubavuni, na kichwa chake kinapanga mbio kabla mpira haujatoka. Propu hana anasa hiyo. Katika ngazi ya kimataifa wachezaji wanane wa upande mmoja wana uzito unaokaribia kilo 900, na nguvu yao yote inapita katika mabega ya watu watatu wa mbele. Ukiwa upande wa kushoto, sikio lako la kushoto liko nje penye hewa, ilhali propu wa kulia wa wapinzani kichwa chake kimebanwa kati yako na huka wenu, yule wa katikati ya mstari wa mbele. Kazi yako ni kumnyima raha. Mkono wa kushoto unashika jezi yake juu ya ubavu, kiwiko kinabaki juu, mgongo unanyooka, makalio hayazidi mabega, na miguu inasukuma kwa hatua fupi fupi bila kuteleza. Makuli wa Kariakoo wanalijua jambo hili bila kufundishwa na kocha: kwao gunia hubebwa na miguu, na anayejaribu kulibeba kwa mgongo uliopinda hafiki jioni. Mpinzani akiinuliwa au akianguka, refa anapuliza filimbi, timu yako inapata penalti, na mpigaji anakwenda kuchukua pointi tatu ambazo jina lako halitaandikwa kando yake.

Hivyo ndivyo ilivyokuwa Durban tarehe 20 Juni 2009, siku ambayo ningependa uitafute na kuitazama kabla ya kumjibu kocha wako. Afrika Kusini ilikuwa ikicheza na British and Irish Lions, timu inayokusanya wachezaji bora wa England, Scotland, Wales na Ireland, na ambayo hufika Afrika Kusini kila baada ya miaka 12. Mbele ya Mtawarira alikuwa Phil Vickery, propu wa kulia wa Lions, aliyetwaa Kombe la Dunia na England mwaka 2003, mtu mwenye uzoefu mara nyingi zaidi ya kijana huyu aliyekuwa na mwaka mmoja tu katika timu ya taifa. Skramu baada ya skramu Vickery alikuwa akipandishwa juu na kupindishwa, penalti zikifuatana, na kipindi cha pili hakikufika mbali kabla hajatolewa. Sikufichi kwamba alipoingia Adam Jones badala yake skramu ya Lions ilitulia, na wageni wakarudi mchezoni kwa kasi, hata mwisho ukawa 26 kwa 21. Lakini faida ya mwanzo ndiyo iliyowaokoa wenyeji, na sehemu kubwa ya faida hiyo ilichimbwa na propu aliyekuwa akitazama nyasi tu.

Ukitazama, usikilize pia watazamaji. Kila alipogusa mpira uwanja mzima uliita "Beast", jina la utani alilokuja nalo tangu utotoni, wakilivuta kwa namna ambayo mgeni angedhani wanamzomea. Hapo ndipo ninapoliona swali lako limeanzia mahali pasipofaa. Wewe unaogopa kusahauliwa na watu wanaotazama mpira. Hawa walimjua kwa sababu walijifunza kuutazama usukumaji. (Mwaka uliofuata yalizuka maneno ya wakubwa kuhusu uhalali wake, kwa kuwa alikuwa bado raia wa Zimbabwe, na akapata uraia wa Afrika Kusini mwaka huo huo wa 2010. Watu wa pwani tunaoishi na majirani waliozaliwa ng'ambo ya mpaka hatuhitaji kuelezwa jambo hilo linavyomkaa mtu rohoni.)

Fainali ya Kombe la Dunia kati ya Afrika Kusini na England, Yokohama, tarehe 2 Novemba 2019, mimi niliitazama Kinondoni. Ilianza saa sita mchana kwa saa zetu, na kwa bahati mpira wa Ulaya ulikuwa haujaanza, kwa hiyo mwenye baa alikubali kutuwekea raga mimi na Wakenya wachache, huku akituuliza kila mara kwa nini watu wamelundikana hivyo na mpira uko wapi. Dakika za mwanzo kabisa propu wa kulia wa England, Kyle Sinckler, aliumia akatoka, akaingia Dan Cole, ambaye ilimbidi acheze karibu mechi nzima bila wa kumpokea. Mtawarira, akiwa na miaka 34, hakumhurumia. Penalti za skramu zikaja, Handré Pollard, mpigaji wa Afrika Kusini, akazigeuza kuwa pointi, na mara baada ya mapumziko Mtawarira alitoka akampisha Steven Kitshoff, kazi ikiwa imekwisha kufanyika. Trai za Makazole Mapimpi na Cheslin Kolbe, ambazo kila mtu anazikumbuka, zilikuja mwishoni, England ikiwa tayari imechoka na inalazimika kucheza kwa papara. Matokeo yakawa 32 kwa 12. Yule mwenye baa alishangilia trai hizo mbili, nami sikumlaumu, ila mwanangu hapaswi kuhesabu kama mwenye baa.

Kwa hiyo jibu langu ni ukubali, lakini kwa masharti, na masharti haya usiyachukulie kuwa mapambo ya barua. La kwanza ni kwamba usiingie skramu ya mashindano kabla hujafundishwa na mtu aliyewahi kucheza propu mwenyewe. Kocha akikuambia kwamba una kifua kipana na hilo linatosha, huyo anatafuta wa kujaza nafasi. Una bahati kwamba tangu mwaka 2013 sheria zinawataka mapropu washikane kwanza ndipo skramu iingiane, jambo lililopunguza ule mgongano wa zamani. Hata hivyo skramu inayoanguka bado ni hatari kwa shingo, na shingo haijengwi kwa wiki mbili. Mwambie akupe miezi ya mazoezi, na kama ligi haiwezi kukusubiri, abaki na flanka wake.

La pili ni moyo. Mtawarira zaidi ya mara moja mapigo yake ya moyo yalivurugika, akalazimika kusimama, akatibiwa na kurudi kwa idhini ya madaktari. Hakujificha wala hakujifanya shujaa, na ninaamini ndiyo maana alifika mechi ya 117. Wewe unataka kuongeza kilo kadhaa kwa muda mfupi ili ufae nafasi mpya, na kwenye barua umetaja kwa kupita tu kwamba wakati mwingine moyo unakwenda mbio ukiwa umeketi. Mama yako hakulisoma hilo kwa kupita. Ukija likizo Desemba nitakupeleka Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete, pale Muhimbili, upimwe vizuri, na mpaka tupate majibu uendelee na mazoezi mepesi, bila skramu.

Niandikie kocha atakachosema kuhusu miezi hiyo. Na unitumie vipimo vya viatu vyako, kwa sababu propu anahitaji njumu ndefu kuliko hizo ulizonunua kwa ajili ya kukimbia, na nina rafiki anayesafiri kwenda Durban mwezi ujao.

Baba yako