Maswali ya Wasomaji: Mto wa Njano, Bwana Mwenye Cheo

Barua nyingi za safari hii zimeulizia Huang He, Mto wa Njano wa China, na nafasi yake katika ibada za Wachina. Tumejibu sita.

Kila mara nasikia Wachina wakiuita Huang He "mto mama". Je, katika dini zao za kale ulikuwa mungu wa kike? (Msomaji, Dodoma)

La, ndugu msomaji. Tuanze kwa kulisahihisha hilo, maana linapotosha mengi yanayofuata. Jina la "mama" ni la zama za karibuni. Ile sanamu mashuhuri ya mama na mtoto iliyoko Lanzhou ni ya mwaka 1986. Katika ibada za kale mungu wa mto huu ni mwanamume na ana cheo. Anaitwa Hebo: *he* ni mto, *bo* ni cheo cha bwana mwenye eneo lake. Heshima anayopewa ni ile ya mkubwa wa serikali. Hudaiwa wajibu wake, na yeye hudai haki yake.

Kumbukumbu za zamani kabisa ziko kwenye mifupa ya ramli iliyofukuliwa Anyang, ya kuanzia karibu mwaka 1250 KK. Wapiga ramli wa wafalme wa Enzi ya Shang walichukua mfupa wa bega la ng'ombe au gamba la kobe, wakalichoma kwa moto mpaka likapasuka, wakazisoma nyufa, na swali lenyewe likachongwa pale pale. Mto unatajwa kwa neno moja tu, He. Unaombwa mvua na mavuno, na mahali pengine unaitwa mzee mkuu wa ukoo.

Baadaye dola iliipanga milima na mito kama inavyowapanga watumishi wake. Milima mitano mitakatifu ilipewa hadhi sawa na ile ya mawaziri wakuu watatu wa dola. Mito minne, yaani Huang He, Yangtze, Huai na Ji, ilipewa hadhi ya watawala wa majimbo. Mwaka 747 mfalme wa Enzi ya Tang alimtunuku mungu wa Huang He cheo cha *gong*, ambacho ni cha juu kuliko mabwana wengine wote walio chini ya mfalme. Mwaka 1040 Enzi ya Song ikampandisha akawa *wang*, mfalme kamili. Kisha mwaka 1370 mwanzilishi wa Enzi ya Ming akavifuta vyeo vyote hivyo. Hoja yake ilikuwa nzito: mito imepokea madaraka yake kutoka Mbinguni, sasa mwanadamu atampaje cheo asiyemtawala? Tangu hapo Huang He ukaitwa kwa jina lake tu, Mungu wa Mto Mkuu wa Magharibi.

Sadaka kwa mto ilitolewaje hasa? Ilitupwa tu majini? (Msomaji, Kigoma)

Haikutupwa, ilizamishwa, na tofauti hiyo ina maana kubwa. Kila mpokeaji alikuwa na njia ya kufikiwa. Sadaka ya Mbingu huchomwa, moshi upande juu. Ya ardhi huzikwa. Ya mto huzamishwa, kwa sababu mpokeaji yuko chini. Vitu vilikuwa ng'ombe, kondoo, farasi, na lile jiwe gumu la kijani au jeupe liitwalo *yu*, lililochongwa duara lenye tundu katikati. Duara hilo huitwa *bi*. Jiwe halikutolewa kwa sababu ya thamani yake tu. Lilikuwa kitu ambacho watawala walipeana walipokutana, na kumpa mto *bi* ni kumtambua kuwa mtawala mwenzio. Kwa hiyo lilitumika pia katika viapo: mwana wa mtawala wa dola ya Jin aliyerudi kutoka uhamishoni mwaka 636 KK alizamisha *bi* mtoni, akiufanya mto shahidi wa ahadi aliyomwekea mjomba wake.

Tukio linaloonyesha vizuri jinsi ibada na kazi zilivyokwenda pamoja ni la mahali paitwapo Huzi. Mto ulibomoa tuta hapo mwaka 132 KK, ukamwaga maji kwenye nchi tambarare kwa miaka 23. Mwaka 109 KK mfalme Wu wa Enzi ya Han alikwenda mwenyewe. Alizamisha farasi mweupe na *bi*, kisha akawaamuru maofisa wote, kuanzia majenerali kwenda chini, wabebe matita ya vijiti wajaze pengo. Kuni zilikuwa haba kwa sababu wenyeji walikuwa wamezichoma, ikabidi yakatwe mianzi ya bustani ya kifalme ya Qi itumike kama nguzo. Mianzi ilipigiliwa kwanza, halafu vijiti, halafu udongo na mawe. Mwanahistoria Sima Qian alikuwepo, akabeba matita pamoja na wengine. Hakuna aliyedhani farasi peke yake angeziba tuta, wala hakuna aliyethubutu kuanza kuziba kabla ya farasi.

Kulikuwa na kosa moja ambalo wataalamu wa ibada hawakulisamehe: kumtolea sadaka mto usio wako. Mwaka 489 KK mfalme Zhao wa dola ya Chu aliugua, na ramli ikasema anayemsumbua ni Huang He. Alikataa kutoa kitu. Mito ya Chu, alisema, ni Yangtze, Han, Ju na Zhang. Hata kama ana makosa, Huang He siye aliyemkosea. Alifariki mwaka huo huo, na bado mwanafalsafa Confucius alimsifu kuwa aliijua Njia Kuu.

Wadao, wafuasi wa dini ya Dao, nao waliupokea utaratibu huu wakaubadilisha. Katika karne za mwanzo za dini yao, mgonjwa aliandika maungamo yake nakala tatu kwa wale Maofisa Watatu wa Mbingu, Ardhi na Maji. Nakala moja iliwekwa mlimani, moja ikafukiwa, moja ikazamishwa. Siku ya Ofisa wa Maji ni tarehe 15 ya mwezi wa kumi wa kalenda ya mwezi.

Ni kweli mabinti walizamishwa ili wawe wake za mto? (Msomaji, Nakuru)

Kweli, na uovu huo haukuwa wa kijiji kimoja. Kumbukumbu za dola ya Qin zinataja binti wa kifalme kuozwa kwa mto mwaka 417 KK.

Habari inayojulikana zaidi ni ya mji wa Ye, ukingoni mwa mto Zhang (si ule wa Chu), wakati wa mtawala Wen wa dola ya Wei, katika karne ya 5 KK. Wazee wa mji na makarani walikusanya kila mwaka mamilioni ya sarafu kwa jina la harusi ya Hebo. Walitumia laki mbili au tatu, zilizobaki wakagawana na waganga. Mganga mkuu, bibi wa miaka 70, alipita nyumba za maskini akichagua binti mzuri. Binti alioshwa, akavishwa hariri, akakaa siku kumi na zaidi katika hema jekundu ukingoni, kisha akalazwa juu ya kitanda cha arusi kilichoelea. Kilikwenda mbali kidogo, kikazama. Wenye mabinti walihama, na mji ukabaki mtupu.

Liwali mpya, Ximen Bao, alihudhuria harusi. Alimtazama bibi arusi, akasema si mzuri wa kutosha, akaomba mganga mkuu aende kumwarifu Hebo kwamba ataletewa mwingine. Askari wakamtupa mganga huyo mtoni. Alipochelewa kurudi, wakafuata wanafunzi wake watatu, mmoja mmoja, kisha wazee wa mji. Liwali akasimama ameinama kwa adabu kuuelekea mto, akingoja jibu. Waliobaki walipiga vichwa chini mpaka damu ikatoka.

Angalieni alichofanya na asichofanya. Hakusema Hebo hayupo. Alikitumia kile kile walichodai, kwamba mto una bwana na bwana hupelekewa wajumbe, akawafunga nacho. Baada ya hapo alichimba mifereji 12 ya kumwagilia mashamba. Ingekuwa alimaliza harusi tu bila mifereji, hofu ya mafuriko na njaa ingewarudisha waganga, na kwa maoni yetu hapo ndipo hekima yake ilipo.

Hapa kwetu mafundi wa hirizi huchora jedwali la nyumba tisa, kila upande jumla 15. Nimeambiwa Wachina wanalo na limetoka mtoni. (Msomaji, Lamu)

Umeambiwa kweli. Ndilo hili:

4 9 2
3 5 7
8 1 6

Katika hirizi za Kiislamu pembe zake nne, 2, 4, 6 na 8, husomwa kwa hesabu ya abjad, ambayo kila herufi ya Kiarabu ina namba yake, kuwa ba, dal, waw, ha, yaani *buduh*. Wachina huliita Luoshu, Maandiko ya mto Luo, ambao humwaga maji yake katika Huang He. Hadithi yao inasema Yu, aliyeyatuliza mafuriko makuu, aliona kobe akitoka majini na alama hizo mgongoni. Kwenye Huang He wenyewe alitoka farasi mwenye umbo la joka, akamletea Fuxi, mtawala wa hadithi za kale, ramani iitwayo Hetu. Hiyo ina namba 1 hadi 10, jumla 55, zikipangwa jozi jozi: 1 na 6 kaskazini kwa maji, 2 na 7 kusini kwa moto, 3 na 8 mashariki kwa mti, 4 na 9 magharibi kwa chuma, 5 na 10 katikati kwa udongo. Michoro ya nukta tunayoiona leo ilienea Enzi ya Song, lakini imani ni ya kale zaidi. Confucius alilalamika kwamba mto hautoi ramani, kwa maana kwamba mtawala mwema haji.

Kuhani wa Kidao hulikanyaga jedwali la Luoshu kwa miguu. Huanza nyumba ya 1, chini katikati, kisha 2 juu kulia, 3 kushoto, 4 juu kushoto, 5 katikati, 6 chini kulia, 7 kulia, 8 chini kushoto, akamalizia 9 juu. Mguu mmoja huburutwa, kwa sababu Yu alichechemea baada ya miaka ya kazi mtoni. Anayejifunza kwa kutazama mchoro hukosea jambo moja: huweka kaskazini juu, kama ramani za shuleni. Kwa Wachina wa kale kusini ndiko juu. Ukigeuza, maji yanakaa kwenye nyumba ya moto na mzunguko wote unaharibika.

Kwa nini kuna ng'ombe wa chuma kando ya mto huo? Ni sanamu za kuabudiwa? (Msomaji, Morogoro)

Wako wa aina mbili na wasichanganywe. Wale wanne wa Pujin, mkoani Shanxi, waliotupwa mwaka 724 na kufukuliwa mwaka 1989, walikuwa na kazi ya mikono: ni nanga za daraja la mashua. Kila mmoja ana uzito wa makumi ya tani, na nguzo za chuma zimeshuka ardhini chini yake kushikilia minyororo.

Yule wa mji wa Kaifeng, mkoani Henan, ni mwingine. Gavana Yu Qian alimtupa mwaka 1446, ana urefu wa mita mbili hivi, pembe moja, ameketi akiutazama mto. Hesabu yake ni ya viasili vitano, yaani maji, moto, mti, chuma na udongo. Chuma huzaa maji, na mtoto hathubutu kupigana na mama. Ng'ombe ni wa udongo, na udongo huyazuia maji. Maji yamefungwa pande zote mbili.

Hofu ilikuwa ya haki. Huang He hubeba tope jingi kuliko mito karibu yote duniani. Tope hutua, kitanda cha mto kikapanda, watu wakainua tuta, kitanda kikapanda tena, hata karibu na Kaifeng mto unapita juu kuliko mji. Mwaka 1855 ulivunja tuta hapo Henan, ukahama kabisa kuelekea kaskazini, ukakichukua kitanda cha mto Ji. Mmoja wa wale mabwana wanne akamezwa na mwenziwe.

Kwa wafanyakazi wa matuta, mungu wa karibu zaidi hakuwa Hebo bali Dawang, "Mfalme Mkubwa". Mkuu wao ni Xie Xu, msomi anayesemekana alijitosa majini Enzi ya Song ilipoanguka. Nyoka mdogo akionekana kwenye tuta wakati wa ukarabati, alitazamwa rangi na umbo la kichwa ili kujua ni Dawang yupi, akawekwa kwenye sinia, akapelekwa hekaluni, akafukiziwa udi na kuchezewa mchezo wa kuigiza. Wengine katika kundi hilo walikuwa maofisa wa kweli wa mto, waliopandishwa baada ya kufa. Hekalu lao kubwa, Jiaying Guan huko Wuzhi, lilijengwa na mfalme Yongzheng mwaka 1723. Nguzo yake ya maandishi ina moyo wa chuma na ngozi ya shaba.

Nasoma Taiyuan. Wenzangu wamenialika kuachia taa zielee mtoni mwezi wa saba, na wengine watawafungulia samaki warudi majini. Nifanye nini nisikosee? (Mwanafunzi Mtanzania)

Taa huachwa usiku wa tarehe 15 ya mwezi wa saba wa kalenda ya mwezi, kwa kawaida Agosti au mwanzo wa Septemba. Ni siku ya Ofisa wa Ardhi kwa Wadao na ya kuwaombea marehemu kwa Wabuddha. Taa huwaonyesha njia roho zisizo na wa kuzikumbuka, hasa waliozama. Huko Hequ, mkoani kwako, huachwa taa 365, moja kwa kila siku ya mwaka.

Tengeneza kitako cha ubao mwembamba au kibuyu kikavu, upana wa sentimita 15 hivi. Taa huwa na umbo la ua; karatasi ya petali zake isugulie nta pande zote mbili, na chini upake mara mbili. Mshumaa uwe kipande cha sentimita 3, ukigandishwa kwa nta yake mwenyewe katikati kabisa. Petali zisimame angalau sentimita 5 mbali na moto. Taa nyingi hupinduka kwa sababu mshumaa ni mrefu, au huungua kwa sababu petali zimeinamia ndani. Usitumie waya wala plastiki.

Iweke majini kwa mikono miwili, usiirushe, na usiiokote ya mtu mwingine. Chagua maji yaendayo polepole. Kingo za Huang He ni tope tupu, huonekana ngumu juu huku maji yamekwisha kula chini. Simama pale wenyeji wanaposimama.

Kuhusu samaki, hilo ni tendo la huruma la Wabuddha, lakini huruma isiwe mauti. Chagueni samaki wa mto huo huo. Kobe wa Marekani mwenye mchirizi mwekundu nyuma ya kila jicho, auzwaye sana sokoni, msimfungue, kwani huwanyang'anya chakula kobe wa asili. Mfuko wenye samaki uelee mtoni dakika 15 hadi 20 kabla ya kufunguliwa, maji ya ndani na ya nje yalingane joto. Wakimwagwa ghafla, wengi hufa usiku ule ule.