Jibu: Upanga wa almasi unakataa Sharpness na Smite kwa pamoja

Mkuu wa Masasi, fuawe lako halina tatizo. Uliuliza kwa nini ukiweka kitabu cha Smite kwenye upanga wenye Sharpness inatokea X nyekundu: mchezo wa Minecraft hauruhusu. Sharpness, Smite na Bane of Arthropods, yaani nguvu za kichawi za kuongeza madhara ya upanga, ni wake wenza, upanga unachukua mmoja tu.

Mimi ningebaki na Sharpness V (ngazi ya tano), inampiga kila adui. Smite inaongeza madhara 2.5 kwa kila ngazi, ni nyingi, lakini ni kwa wafu tu: zombi, mifupa inayotembea, na yule Wither, jitu la vichwa vitatu. Ukiamua kumwinda Wither, tengeneza upanga wa pili. Bane of Arthropods ya buibui achana nayo.

Hizi zinakaa pamoja bila ugomvi: Looting III (adui anaangusha vitu zaidi), Unbreaking III (upanga unadumu), Mending (unajitengeneza kwa XP, pointi za uzoefu) na Fire Aspect II (unawasha moto), ambayo pia inakuachia nyama ya nguruwe imeshaiva. Knockback siipendi, inamsukuma adui mbali wakati unataka kummalizia. Na kwa kuwa unachezea simu, Sweeping Edge usihangaike kuitafuta, ipo toleo la Java, lile la kompyuta, tu.

Unganisha vitabu viwili viwili kwanza, upanga uje mwisho. Kila ukipitisha kifaa kwenye fuawe gharama inapanda, na ikifika leveli 40 za XP linagoma.

Kwenye upinde nako, Infinity na Mending hazikai pamoja. Chagua Infinity, mshale mmoja unatosha kupiga bila kuisha.

Ukishuka Mtwara mjini kuuza korosho nishtue, tuunganishe simu tucheze.