Maswali na Majibu: Kiwanda Kinapoletewa Notisi ya Kukatiwa Umeme

Msambazaji amegundua hitilafu ya mita, akatuletea ankara ya marekebisho ya miaka mitatu pamoja na notisi ya kukata umeme. Je, tugome kulipa?

Msigome. Ankara ya mwezi huu haina ubishi, kwa hiyo ilipeni yote kwa tarehe yake. Deni la marekebisho ndilo la kupingwa, kwa barua inayotaja kiasi na sababu. Mteja anayezuia vyote viwili humpa msambazaji sababu halali ya kukata ambayo awali hakuwa nayo. Nchini India, kifungu cha 56 cha Sheria ya Umeme ya mwaka 2003 kinataka notisi ya siku 15 kamili, na kinazuia kukata endapo mteja ataweka, huku akiendeleza pingamizi lake, kiasi kinachodaiwa au malipo ya kila mwezi yaliyokokotolewa kwa wastani wa miezi sita iliyotangulia, kutegemea kipi ni kidogo. Mwaka 2020 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua kwamba msambazaji aliyekosea kwa nia njema anaweza kudai nyongeza hata baada ya miaka miwili, ila hawezi kukata umeme ili aipate. Someni sheria ya kwenu mkitafuta tofauti hiyo hiyo kati ya haki ya kudai na haki ya kukata.

Mita yetu ilipoteza volteji ya fazi moja kati ya tatu (yaani mojawapo ya njia tatu za waya zinazoleta umeme kiwandani). Tunadaiwa nusu ya tulichokwisha kulipia. Si theluthi?

Ni nusu, na hapa viwanda vingi hujiaibisha mbele ya baraza linalosikiliza mgogoro. Mzigo ukiwa sawa katika fazi zote na mita ikasoma uniti 240,000, kila fazi iliyosomwa ilibeba 120,000, hivyo matumizi halisi ni 360,000. Pungufu ya 120,000 ni theluthi ya matumizi halisi, lakini ni nusu ya uniti zilizolipiwa.

Ugomvi wenye maana uko kwenye tarehe: fazi ilipotea lini? Mita nyingi za kisasa huhifadhi kumbukumbu ya matukio, na huenda ikaonyesha siku na saa volteji ilipokatika. Dai la miaka mitatu linaweza kushuka hadi miezi minne kwa karatasi hiyo moja. Iombeni kwa maandishi kabla mita haijang'olewa, mtake ipimwe mbele ya fundi wenu, na mpige picha lakiri zikiwa bado nzima. Mita ikishaondoka getini bila shahidi, mnabaki na maneno matupu.

Umeme ulikatwa jana. Mahakama inaweza kuamuru urudishwe?

Inaweza, ingawa ingekuwa rahisi zaidi kuomba zuio (amri ya mahakama ya kumzuia msambazaji) kabla ya kukatwa, maana majaji huona wepesi kulinda hali iliyopo kuliko kuamuru kitu kitendwe. Katika nchi zinazofuata mapokeo ya Uingereza, kipimo kinachotajwa sana ni cha shauri la American Cyanamid la mwaka 1975: kuwepo hoja nzito ya kuamuliwa, kama fidia ya fedha itatosha, na mizani ya usumbufu. Viapo vingi, yaani maelezo ya maandishi ambayo mwombaji huyaapia mahakamani, hukwama kwenye fidia. Kusema kwamba mnapoteza mauzo kila siku hakusaidii, kwa sababu mauzo yanahesabika na hulipika. Elezeni kisicholipika kirahisi, kwa mfano tanuru ambalo kioo kilichoyeyuka kikigandia ndani yake huliharibu. Na muwe tayari kuweka dhamana.

Tunataka kununua kiwanda kwenye mnada. Deni la umeme la mmiliki wa zamani litatuhusu?

Huenda. Mahakama ya Juu ya India ilikubali mwaka 2023 kwamba masharti ya ugavi yanaweza kumtaka mmiliki mpya alipe malimbikizo kabla ya kuunganishiwa. Pateni taarifa ya deni kwa maandishi kutoka kwa msambazaji, kisha mlitoe katika bei mtakayotaja.